Stelingi Hafi: Seizo Fukumoto na Ufundi wa Kufa kwa Upanga

Kila aliyekulia kwenye mabanda ya video anaijua kanuni: stelingi hafi. Atazingirwa na watu thelathini wenye mapanga, atachanwa kidogo begani ili tumwonee huruma, lakini filamu ikiisha yeye ndiye kasimama. Bandani tulibishana sana kama angeweza kumshinda stelingi wa filamu nyingine. Wale thelathini hakuna aliyewauliza majina.

Kwa filamu za zama za samurai, jina mojawapo lipo, na mtaa upo. Mtaa ni Uzumasa, magharibi mwa jiji la Kyoto, zilipo studio za kampuni ya Toei. Jina ni Seizo Fukumoto. Alizaliwa tarehe 3 Februari 1943 Kasumi, mkoa wa Hyogo, akaingia Toei akiwa kijana wa miaka 15, akafariki tarehe 1 Januari 2021 akiwa na miaka 77. Sehemu kubwa ya miaka hiyo kazi yake ilikuwa kukatwa. Wajapani wana neno la kazi hiyo, kirareyaku, mwigizaji wa kukatwa, na yeye walimbandika jina la mtu aliyekatwa mara 50,000.

Hiyo 50,000 tuipige hesabu kwanza. Kuanzia 1958 hadi 2003, alipostaafu rasmi Toei, ni miaka 45. Gawanya: ni vifo 1,100 na ushei kwa mwaka, kama vitatu kila siku ya Mungu, Jumapili na sikukuu zikiwemo. Ukihesabu vile vinavyobaki kwenye filamu tu, haifiki. Ukihesabu na mazoezi, marudio, na desturi ya karakana ile ya mtu mmoja kufa mara mbili tatu katika pambano moja, inaanza kukaribia. Basi tuichukue kama sifa, maana hakukuwa na karani aliyeshika daftari. Ila sifa hiyo inasema kweli moja: huyu bwana alikuwa fundi wa kurudia jambo lilelile.

Na hapo ndipo ninapotofautiana na wanaomsimulia kama mfano wa subira, kwamba alivumilia miaka nenda rudi, mwishowe dunia ikamwona. Dunia ilimwona, sikatai. Lakini kilichomtengeneza Fukumoto ni karakana iliyokuwa na kazi kila wiki. Subira bila kazi ya kila wiki humzeesha mtu tu, haimpi ufundi.

Tuingie karakanani. Katika pambano la upanga la Kijapani, tate, stelingi huitwa shin, yaani kiini. Wanaomzunguka huitwa karami, wenye kumzonga. Anayepanga nani aje lini, kutoka upande gani, na akatwe vipi ni tateshi, mwalimu wa mapigano. Karami wa Toei wenye daraja walikuwa na chama chao cha mazoezi, Tsurugi-kai, kilichoanzishwa mwaka 1952, na Fukumoto alikuwa mmoja wao.

Upanga anaoshika karami huitwa takemitsu: ubapa wa mwanzi au mti uliofunikwa karatasi ya rangi ya fedha. Mwepesi, hauna makali, ukivunjika unaletwa mwingine. Tatizo lake ni huohuo wepesi. Asiyejua huuzungusha kama ufagio wa chelewa, na kamera inaona mara moja kwamba kile si chuma. Kwa hiyo jambo la kwanza kujifunza ni kuigiza uzito: mkono wa kushoto, ulio chini ya mpini, ndio unaovuta, wa kulia unaelekeza, na pigo linasimama palepale linapoishia, halipepei. La pili ni kukumbuka kwamba ncha ya mwanzi nayo ni ncha. Ikiingia jichoni, jicho limekwenda.

Sasa chukua kifo kimoja cha kawaida, cha pigo liitwalo kesa, linaloshuka kwa mshazari kutoka begani hadi nyonga ya upande wa pili, kama linavyokaa vazi la mtawa wa Kibudha. Karami anaanza kwa kupiga ukelele. Mtazamaji hudhani ni hasira, kumbe ni taarifa: stelingi hana macho kisogoni, na ukelele humwambia kwamba wa nyuma kushoto anakuja sasa. Halafu karami anainua upanga juu ya kichwa. Hakuna mpiganaji mwenye akili anayekimbilia adui huku kifua na tumbo vikiwa wazi namna hiyo, lakini hapa ndiyo kazi yenyewe. Anamwandalia mwenzake mahali pa kukata. Anasimama umbali ambao ncha ya upanga inapita mbele ya nguo bila kuigusa, na kamera imewekwa mahali ambapo pengo hilo halionekani.

Kisha inakuja ile nukta yenyewe. Mwili ukishtuka kabla upanga haujafika, amekufa kwa woga. Ukichelewa, upanga umempita kama upepo na stelingi anaonekana anafukuza nzi. Filamu hupita fremu 24 kwa sekunde. Kosa la fremu nne au tano jicho linalishika hata kama mwenye jicho hawezi kusema ni nini kimeharibika. Na akishakatwa hawezi kuanguka palepale. Alikuwa anakimbia, lazima mwili uendelee na mwendo wake, umpite stelingi, uende upande usioziba kamera. Akianguka kati ya lenzi na stelingi, kaharibu. Akianguka juu ya mguu wa karami anayefuata, kaharibu zaidi. Upanga wake mwenyewe unatakiwa uelekee nje na chini, maana aliye nyuma yake naye yuko mbioni.

Wengi hudhani kazi imeishia hapo. Kuna kubaki maiti. Mtu aliyetoka kukimbia na kuruka anahema, na kifua kinachopanda na kushuka huonekana kutoka mbali. Kyoto wakati wa baridi pumzi hutoka kama moshi wa sufuria, na maiti haitoi moshi. Basi analala kifua kikiwa kimegeuziwa upande wa pili wa kamera, anabana pumzi, anaivuta taratibu kwa pua. Wigi lake la msokoto wa kisamurai, lililojengwa juu ya bati jembamba, limembana kwenye paji la uso na haruhusiwi kuligusa. Kamera ikihamia upande mwingine anainuka, anazunguka nyuma ya watu, anaingia tena kama mtu mpya aje kukatwa mara ya pili.

Kitu kinachofichwa na pambano zuri ni kwamba wanaolibeba ni wanaokufa. Stelingi wa tamthilia ya televisheni ana mistari ya kukariri na nguo za kubadilisha; muda wa mazoezi ni mfupi. Kwa hiyo karami wanakuja kwa utaratibu na kwa mdundo mmoja, kila mmoja akijileta mahali pake, na yeye anachotakiwa ni kupitisha upanga mahali walipokubaliana. Akisahau, aliye karibu anawahi zamu na kuziba pengo. Akichoka, wanaanguka kwa nguvu zaidi, na uchovu wake unaonekana kama utulivu wa bingwa. Ubingwa wote tunaomwona nao stelingi umeandikwa kwenye miili ya wengine. Karami akifa ovyo, bingwa anaonekana goigoi.

Fukumoto alikuwa na cha ziada, na mashabiki walikijua kabla ya kulijua jina lake: ebizori, kujipinda nyuma kama kamba wa baharini. Akikatwa, hakukunja tumbo kama wengine. Aliyumba hatua kadhaa, kifua kikafunguka, kichwa kikaenda nyuma, mgongo ukapinda upinde mzima, na kwa muda akabaki hapo kama mti ambao haujaamua kuanguka. Faida yake ni rahisi. Anayeangukia mbele anaficha uso. Anayejipinda nyuma, uso wake unageuka juu, mara nyingi kuelekea kamera, macho yakiwa wazi. Mtu asiye na mstari hata mmoja wa kusema kajiongezea sekunde moja ya kuonekana, na hakuna anayeweza kumlaumu kwamba kamwibia stelingi tukio, kwa kuwa kadiri anavyokufa vibaya ndivyo pigo la stelingi linavyoonekana kali.

Gharama yake ni kisogo. Somo la kwanza la kuanguka chali, hata kwenye judo, ni kubana kidevu kifuani ili kichwa kisipige chini. Ebizori inataka kinyume chake hadi dakika ya mwisho, ndipo kidevu kirudi na mabega yapokee uzito, na yote hayo juu ya changarawe, si mkeka. Ukiwahi kurudisha kidevu, upinde unavunjika na uzuri umekwisha. Ukichelewa, ni hospitali. Hili hujifunzi kwa maelezo. Unajifunza kwa kuanguka mara mia, na ili uanguke mara mia lazima kuwe na mtu anayekulipa kuanguka.

Nani alikuwa analipa? Baada ya vita kuisha mwaka 1945, Wamarekani walioikalia Japani walizibana filamu za mapanga kwa kuziona kama mahubiri ya ukabaila na kisasi. Kizuizi kilipolegea mwanzoni mwa miaka ya 1950, kiu ilikuwa kubwa, na Toei, iliyoundwa 1951, ikaingia sokoni na mastaa wa mapanga na programu za filamu mbili kwa tiketi moja. Mwaka 1958, aliojiunga Fukumoto, Japani iliuza tiketi za sinema zaidi ya bilioni 1.1, wastani wa kama safari kumi na mbili kwa kila mtu nchini, mtoto mchanga naye akihesabiwa. Filamu za namna ile zilihitaji wapita njia, wabeba machela, walinzi wa lango na maiti. Vijana waliofanya kazi hizo waliwekwa kwenye chumba kimoja kikubwa cha kubadilishia nguo, obeya, na jina la chumba likawa jina la daraja lao. Staa alikuwa na chumba chake. Wao walikuwa watu wa chumba kikubwa.

Ndani ya chumba kile kulikuwa na ngazi, ingawa haikuandikwa popote. Unaanza ukiwa maiti iliyolala tangu mwanzo wa tukio. Unapanda kuwa mpita njia. Kisha karami wa nyuma, anayeonekana mgongo. Kisha karami wa mbele, anayekufa karibu na kamera. Wachache wakafika ngazi ambayo watazamaji wa tamthilia hizo wanaijua vizuri: ronin mlinzi, samurai asiye na bwana aliyekodiwa na tajiri mwovu. Vibaraka wakishalambishwa vumbi, tajiri anageuka na kumwita "sensei", mwalimu, na yule bwana anatoka chumba cha ndani taratibu, anachomoa upanga, anapewa pambano la ana kwa ana na stelingi. Anashindwa, bila shaka. Lakini kashindwa peke yake. Fukumoto, mwembamba wa mashavu yaliyobonyea na macho yaliyozama, alifika hapo, na uso ule ulikuwa umezaliwa kwa ajili ya cheo hicho.

Soko la sinema halikungoja. Kufikia 1963 tiketi zilikuwa zimeshuka hadi milioni 511, chini ya nusu ya zile za 1958. Toei ikageukia filamu za wahalifu wa yakuza, na watu wa chumba kikubwa wakajifunza kufa kwa risasi. Hapa njia zikagawanyika, na mgawanyiko huo unafundisha zaidi ya sifa zote za Fukumoto. Katika miaka ya 1970, mwongozaji Kinji Fukasaku alikuja na kamera ya mkononi inayoingia katikati ya fujo, ambako kila uso unahesabika. Mtu wa chumba kikubwa aliyejua kupiga kelele, kulia na kujitupa hovyo alionekana ghafla. Takuzo Kawatani, mwenzao wa chumba hichohicho, alipanda kwa njia hiyo pamoja na kundi lililojiita jeshi la piranha mwaka 1975, akawa jina linalojulikana hadi kwenye matangazo ya tambi za kikombe.

Kwa nini Kawatani na si Fukumoto? Jibu langu ni kwamba ufundi wao ulikuwa wa aina mbili. Kawatani alikuwa na mdomo, alijua kuchekesha hata anapochinjwa, na kamera ya Fukasaku ilipenda vurugu. Fukumoto alikuwa na umbo. Kifo chake kilitaka nafasi, mpangilio, na kamera iliyotulia kidogo. Kitu hicho kilikuwa kimeanza kutoweka kwenye sinema, kikahamia televisheni.

Na televisheni ndiyo iliyomlea hadi uzeeni. Tamthilia ya Zenigata Heiji ilikwenda vipindi 888 kuanzia 1966 hadi 1984. Mito Komon ilianza 1969 na kudumu hadi Desemba 2011. Shogun, yaani mtawala wa kijeshi, wa tamthilia ya Abarenbo Shogun, iliyoanza 1978, aliwapiga waovu kwa zaidi ya vipindi 800. Utaratibu haukubadilika: dhuluma mwanzoni, uchunguzi katikati, fujo uani mwa jumba la mwovu dakika za mwisho. Kila wiki panahitajika miili, na sura zilezile zinarudi kwa kimono tofauti. Kibaraka wa mfanyabiashara wa mchele wiki hii ni jambazi wa barabarani wiki ijayo. Watazamaji waliozoea wakaanza mchezo wa kumtafuta yule mwembamba: leo atatokea dakika ya ngapi, na ataangukaje?

Kuna utamu mmoja hapo ambao wageni hawaushiki. Yule shogun wa televisheni anapochomoa upanga, huugeuza, anapiga kwa mgongo wa upanga usiokata. Kwa mujibu wa hadithi, hajaua mtu, waliolala wamezimia. Karami mwenye kuijua kazi yake hawezi kuanguka kama aliyekatwa. Hapo hakuna upinde wala macho ya kukata roho: mwili unakunjika kwenye tumbo au shingo pale ulipogongwa, magoti yanakwenda kwanza, mtu analala kama gunia. Aliyechanganya namna hizi mbili kaivunja hadithi, hata kama ameanguka kwa ustadi gani.

Mwaka 2003 Fukumoto alitimiza miaka 60, umri wa kustaafu, na mwaka huohuo akaonekana duniani kote kwenye The Last Samurai ya Edward Zwick. Ni yule mlinzi mkimya anayemfuata Tom Cruise kijijini hatua kwa hatua, anayebatizwa jina la Bob kwa kuwa hataki kusema lake. Hollywood ilimpa nafasi isiyo na maneno, na mtu angeweza kuliona hilo kama dharau. Sioni hivyo. Waliomchagua walielewa walichokuwa wananunua: mtu anayejua kusimama. Tazama jinsi anavyokaa nyuma ya Cruise, umbali wa upanga mmoja, mkono karibu na mpini bila kuushika, kichwa hakichezi. Miaka 45 ya kungoja zamu ya kufa iko kwenye mkao ule. Mwishoni anaita jina la anayemlinda, anajitupa mbele ya risasi, anakufa. Hata huko aliajiriwa kwa kazi yake ya siku zote.

Nafasi ya kwanza kuwa mbele kabisa ilimjia mwaka 2014, akiwa na miaka 71, kwenye Uzumasa Limelight ya Ken Ochiai, ambayo jina lake linaikumbuka Limelight, filamu ya Charlie Chaplin. Anaigiza mzee wa kukatwa ambaye tamthilia iliyomlisha miaka 40 imefutwa, naye anamfundisha upanga binti mdogo, aliyeigizwa na Chihiro Yamamoto. Tamasha la Fantasia la Montreal likampa tuzo ya mwigizaji bora wa kiume. Filamu yenyewe ina machozi mengi kuliko ninavyopenda, lakini pale anapofanya mazoezi peke yake na upanga wa mti, mwongozaji kawa na busara ya kuiacha kamera itulie.

Ndiyo maana nasema hadithi ya subira inatupotosha. Tamthilia iliyofutwa ndani ya filamu ile ilikuwa na mfano wake nje, kwani Mito Komon ilikuwa imefungwa miaka mitatu tu nyuma. Kijana wa miaka 15 anayeingia Uzumasa leo anaweza kuwa na moyo kama wa Fukumoto, hata zaidi, na asipate vifo hamsini kwa mwaka. Eneo la studio lilifunguliwa kwa watalii mwaka 1975, na maonyesho ya jukwaani pale yanasaidia kuwaweka watu kwenye mazoezi. Lakini jukwaani unaanguka palepale, kwa hadhira ileile ya mbele, bila kamera ya kukusahihisha. Kipimo cha fremu nne au tano hakipo.

Mwaka 2024 Junichi Yasuda alitoa kwa fedha zake filamu kuhusu samurai wa kweli anayejikuta katika zama hizi na kupata kazi ya kukatwa kwenye studio za Kyoto. Ilianzia ukumbi mmoja wa Tokyo, ikasambaa nchi nzima, na Machi 2025 ikachukua tuzo ya filamu bora ya Akademia ya Japani. Ndani yake kuna mwalimu wa mapigano anayemfundisha yule samurai, mtu aliyewahi kuua kwa chuma, namna ya kukatwa kwa mwanzi. Nafasi hiyo ilikuwa imekusudiwa Fukumoto. Alipofariki ikachukuliwa na Rantaro Mine, wa Tsurugi-kai vilevile, na somo la kazi hiyo linabaki lilelile la wakati: upanga ukipita, ndipo ufe.